"Amba": kitenzi cha kunukuu kilichobaki kivuli

Na Mwandishi Wetu, Mwanza

KATIKA lugha ya Kiingereza kuna kitenzi kimoja cha kale, "quoth", ambacho mwanafunzi anaweza kumaliza miaka yote ya sekondari bila kukutana nacho. Maana yake ni "alisema", lakini kazi yake ni moja tu: kuleta mbele ya msomaji maneno ya mtu mwingine kama yalivyotamkwa. Hakina wakati uliopo wala ujao. Aidha, kinyume cha desturi ya lugha hiyo, hutangulia mtenda wake, ikawa kana kwamba mtu anasema "alisema yeye" badala ya "yeye alisema". William Shakespeare alikitumia, na Wamarekani wanakikumbuka zaidi kupitia shairi la Edgar Allan Poe la mwaka 1845, The Raven, linalohusu ndege wa jamii ya kunguru. Siku hizi anayekitumia hufanya hivyo kwa mzaha, au kwa kujitia ukale.

Wengi hudhani kitenzi hicho ni ndugu wa "quote", neno la kawaida la Kiingereza lenye maana ya kunukuu. Sivyo. "Quoth" ni neno la asili la Waingereza, na ndugu yake aliye hai ni "bequeath", yaani kuacha mali kwa wosia, ambako nako chanzo chake ni kusema: marehemu alitamka nani apewe nini. "Quote" limetoka katika Kilatini, kwenye neno lenye maana ya "ngapi", na mwanzoni lilihusu kuweka namba za sura kitabuni ili msomaji ajue mahali pa kutazama. Kwa hiyo moja lilikuwa kazi ya kinywa na jingine kazi ya karani, na ya karani ndiyo iliyoshinda.

Kiswahili nacho kina kitenzi cha namna hiyo. Kilikuwa cha kinywa, kilileta maneno ya watu, na leo hakuna mtu wa Kirumba, Buzuruga au Nansio atakayekitumia peke yake sokoni. Kitenzi chenyewe ni "amba". Msomaji aliyefika hapa amekwisha kukutana nacho mara kadhaa pasipo kukitambua, kwa kuwa kimejificha ndani ya "ambacho", ndani ya "ambako" na ndani ya "kwamba".

Amba maana yake ya asili ni kusema. Katika tenzi za kale za Pate na Lamu, mapokeo yaliyotupatia Utenzi wa Tambuka unaotajwa kuwa wa mwaka 1728, "akamba" ni neno la kawaida kwa maana ya "akasema", na baada yake hufuata maneno ya msemaji. Kamusi za zamani zinaongeza maana ya pili, kumsema mtu vibaya akiwa hayupo, yaani kumsengenya. Kitenzi cha kuleta maneno ya mwenzako kilikuwa tayari kimebeba harufu ya fitina, na hilo litarejea mbele.

Jambo la kushangaza ni jinsi kitenzi hiki kilivyokufa nusu. Hakuna anayesema "nimeamba", "ataamba" wala "tunaamba". Lakini mara tu kinapopewa kiambishi cha kutendea, kinafufuka na kupokea nyakati zote: nimemwambia, atakuambia, waliambiwa, tuambiane. Hata yule kijana mkaidi ambaye wazee wamemshauri mpaka wamechoka, husemwa kuwa haambiliki. Mzizi ule ule, usioweza kusimama, unatembea vizuri ukipewa fimbo.

Kuhusu "kwamba", umbo lake linajieleza: ni "ku" ya kitenzi-jina pamoja na "amba". Mwandishi anapoandika "Mkuu wa Mkoa alisema kwamba barabara itajengwa", kwa historia ya maneno hayo ameandika "alisema kusema barabara itajengwa". Neno lililokuwa likieleza tendo la kunena limegeuka kuwa kiungo, gundi ya kushikiza sentensi mbili. Vivyo hivyo "ambaye" na wenzake, ambao leo ni virejeshi tu, wataalamu wa lugha huwarudisha kwenye kitenzi hicho hicho. Magazeti ya Tanzania kwa upande wao yamezidi kupendelea "kuwa" mahali pa "kwamba", hivyo hata kile kivuli kinazidi kufifia.

Kwa mkazi wa Kanda ya Ziwa, hata hivyo, mzizi huu si mgeni. Akivuka ziwa kuelekea Bukoba atawasikia Wahaya wakitumia "kugamba" kwa kusema; akifika Kampala ataisikia "okugamba" ya Waganda kila dakika, nzima kabisa, ikipokea kila wakati na kila nafsi. Lugha za magharibi na kaskazini mwa ziwa zimehifadhi kitenzi ambacho pwani ilikimeza. Wasukuma, walio wengi zaidi mkoani Mwanza, wana njia yao: wanatumia "kuyomba" kwa kuzungumza, na neno wanaliita "mhayo", ambalo pia ni jambo au shauri. Kwao neno likisemwa limekwisha kuwa jambo.

Baada ya amba kustaafu, kazi yake iligawanywa. Sehemu kubwa ilichukuliwa na "sema", kitenzi kisicho na upande. Akisema mtu, amesema. Mwandishi hajamuunga mkono wala hajamtilia shaka. Walimu wa uandishi wa habari hukisifu kwa sababu hiyo, na wahariri hukichoka kwa sababu hiyo hiyo, maana kikirudiwa mara kumi na mbili katika habari moja hufanya ukurasa uonekane kama orodha ya mahudhurio.

Kisha kuna "nukuu". Hiki ni kitenzi cha karani. Kinakaa jirani na "nakili", kilichotoka katika Kiarabu kwa maana ya kuhamisha kitu kutoka mahali hadi mahali, na wazo lenyewe ni hilo: maneno yanahamishwa bila kupunguzwa. Anayenukuu ameahidi kwamba kilichomo ndani ya alama za mtajo ndicho kilichotoka kinywani. Katika hotuba na redioni, ambako alama hizo hazionekani, Watanzania wamebuni uzio wao wa sauti: msemaji hutangulia na "nanukuu", akamaliza na "mwisho wa kunukuu". Bungeni Dodoma fungu hilo husikika karibu kila kikao, mbunge anaposoma kifungu cha Katiba au maneno ya waziri wa mwaka uliopita. Mara nyingine uzio hufunguliwa na kusahauliwa kufungwa, na wasikilizaji hubaki wakijiuliza Katiba imeishia wapi na mbunge ameanzia wapi.

Karibu na nukuu yupo "kariri". Magazeti yetu hulipenda sana umbo la kutendwa: "alikaririwa akisema". Neno lina asili ya Kiarabu na maana yake ya kwanza ni kurudia. Shuleni limepata sifa mbaya, kwa kuwa mwanafunzi anayekariri ni yule anayerudia pasipo kuelewa. Hivyo mtu akisoma kwamba waziri fulani alikaririwa na chombo fulani, hana budi kujua kuwa anasoma maneno yaliyorudiwa, na kwamba kati yake na waziri kuna masikio ya mtu mwingine. "Dondoa" ni kitu kingine tena. Anayedondoa mchele huokota punje moja moja, na anayedondoa hotuba naye huchagua. Dondoo inaweza kuwa sahihi neno kwa neno na bado ikampotosha msomaji, kwa sababu ya punje zilizoachwa kwenye ungo.

Vitenzi hivyo hadi hapa vinatofautiana kwa kiasi cha uaminifu. Vipo vingine vinavyotofautiana kwa hukumu, na hapo ndipo uchaguzi wa neno unapoweza kumfikisha mtu pabaya.

Chukulia mfano wa mvuvi wa Ziwa Victoria aliyekamatwa na nyavu zisizoruhusiwa chini ya Sheria ya Uvuvi ya mwaka 2003. Kesi za aina hiyo zilikuwa nyingi wakati wa Operesheni Sangara iliyoanza mwaka 2018, ambapo nyavu haramu zilichomwa moto hadharani kwenye mialo. Tuseme mvuvi huyo anawaambia waandishi: "Nyavu nilizinunua dukani, sikujua kama zimekatazwa." Mwandishi wa kwanza anaandika kwamba mvuvi alisema alizinunua dukani. Wa pili anaandika kwamba alidai alizinunua dukani. Wa tatu anaandika kwamba alijitetea kuwa alizinunua dukani. Wa nne, akiwa na haraka ya kuwahi muda wa mwisho, anaandika kwamba mvuvi alikiri kununua nyavu haramu.

Hakuna hata mmoja kati ya hao wanne aliyezua jambo jipya. Lakini wa nne amemtia mtu hatiani. Kukiri ni kukubali kosa, na mahakamani ni jibu lenye uzito wa kisheria: mshtakiwa husomewa mashtaka, akakiri au akakana. Mvuvi wa mfano wetu alikubali kununua, akakana kujua. Kitenzi kimoja kilichowekwa mahali pa kingine kimefuta nusu ya pili ya sentensi yake, nusu iliyokuwa utetezi wake wote.

"Dai" lina matatizo yake ya peke yake, kwani linaishi maisha mawili. Katika habari za mahakamani ni neno la lazima. Mwendesha mashtaka hudai kuwa siku fulani, mahali fulani, mshtakiwa alitenda kosa. Mpaka hukumu itolewe, hayo hubaki madai. Ndiyo maana kila habari ya kesi hujaa "ilidaiwa mahakamani hapo". Mwandishi anayeliacha neno hilo na kuandika tu kwamba mshtakiwa aliiba, amejipa kiti cha hakimu. Lakini nje ya mahakama neno hilo hilo hubadilika rangi. Mwanakijiji akisema kisima kimekauka, na gazeti likaandika "amedai kisima kimekauka", msomaji hunusa shaka. Kwa nini amedai? Je, mwandishi hakuweza kwenda kutazama kisima?

Ni vema ieleweke kwamba shaka hiyo haigawanywi sawasawa. Ukichukua gazeti lolote la Kiswahili na kulisoma kwa kalamu mkononi, utaona viongozi wakibainisha, wakifafanua, wakisisitiza na kuagiza, ilhali wananchi wa kawaida wakidai na kulalamika. Bainisha ni kuweka wazi jambo lililo kweli. Anayebainisha hawezi kukosea, na anayelalamika hata akiwa na haki huonekana msumbufu. Hakuna mhariri aliyetoa amri iwe hivyo; ni mazoea tu, yamerithiwa kutoka habari moja hadi nyingine.

Upande wa mahakama una fumbo jingine ambalo wasomaji wengi hawalifahamu. Kwa muda mrefu Kiswahili kilikuwa lugha ya Mahakama za Mwanzo, na Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1984 iliweka hivyo, lakini kuanzia ngazi za juu yake kumbukumbu na hukumu ziliandikwa kwa Kiingereza. Shahidi alisimama kizimbani akaeleza kwa Kiswahili, au kwa Kisukuma kupitia mkalimani, na hakimu akaandika kwa Kiingereza kwa mkono wake, akiyageuza maneno palepale. Mwandishi wa habari aliyetaka kuhakiki baadaye alisoma kumbukumbu hiyo ya Kiingereza, akairudisha katika Kiswahili, kisha akaifunga ndani ya alama za mtajo.

Hapo swali linazuka lenyewe: hayo yaliyofungwa ni maneno ya nani? Mama mmoja kutoka kijijini ametamka mhayo wake kwa Kisukuma. Mkalimani ameusema kwa Kiswahili cha mjini, hakimu ameuandika kwa Kiingereza cha sheria, na gazeti limeuchapa kwa Kiswahili cha gazeti. Kuandika kwamba mama huyo "alinukuliwa akisema" ni kuahidi kitu kisichokuwapo. Uaminifu ungetaka aliyeandika aseme shahidi alieleza kupitia mkalimani, bila alama. Mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yalikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, huku Kiingereza kikiachiwa nafasi pale haki inapokihitaji. Hatua moja ya safari imepungua. Ile ya mkalimani imebaki, na wazee wa vijijini wanaihitaji kama zamani.

Kuhamisha maneno kutoka lugha hadi lugha si dhambi; ni sanaa, na Kanda ya Ziwa ina bingwa wake. Aniceti Kitereza wa Ukerewe aliandika kwa Kikerewe riwaya yake ndefu juu ya Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka, akaimaliza mwaka 1945, kisha yeye mwenyewe akaitafsiri kwa Kiswahili. Ilichapishwa mwaka 1980, mwaka mmoja kabla ya kifo chake. Lakini Kitereza alikuwa akihamisha maneno yake mwenyewe. Mwandishi wa habari huhamisha ya mtu ambaye pengine hatalisoma gazeti hilo kamwe.

Sasa turudi kwenye ile harufu ya fitina. Kiswahili kina maumbo ya kunukuu yasiyo na msemaji: "inasemekana", "inadaiwa", "inaaminika". Kisarufi hayana kosa lolote. Katika habari za bei ya mahindi hayadhuru mtu. Lakini mikoa ya Mwanza na Shinyanga imeshuhudia kwa miongo mingi mauaji ya wanawake wazee kwa tuhuma za uchawi, baadhi yao wakinyooshewa kidole kwa sababu tu ya macho mekundu, yaliyoharibiwa na moshi wa jikoni. Katika mazingira hayo, "inasemekana bibi huyo ni mchawi" ni sentensi ya hatari. Nani amesema? Jirani anayegombea shamba? Mganga aliyelipwa? Umbo la kitenzi limemficha, na gazeti likilichapa limemkopesha maficho.

Sheria ya Uchawi, iliyotungwa mwaka 1928 enzi za Waingereza na ambayo bado ipo katika vitabu vya sheria za nchi, ililiona hilo kwa namna yake. Haikumlenga tu anayejidai kuwa na uwezo wa uchawi. Kumtaja mwenzako kuwa mchawi nako ni kosa. Kwa maneno mengine, mtunga sheria alitaka kujua nani aliyeamba, kwa maana zote mbili za kamusi za zamani: nani alisema, na nani alisengenya.

Namba nazo zinahitaji msemaji. Meli ya MV Bukoba ilipozama karibu na Mwanza tarehe 21 Mei, 1996, orodha ya abiria wa daraja la kwanza na la pili ilikuwa na watu 443. Daraja la tatu halikuwa na orodha. Idadi ya waliofariki imeandikwa tangu wakati huo kwa namna mbalimbali, mara nyingi ikitajwa kuwa zaidi ya 800, na wengine wameifikisha 1,000. Kila namba kati ya hizo iliwahi kusemwa na mtu, kwa msingi fulani: miili iliyoopolewa, tiketi, makadirio, ndugu walioripoti ndugu zao. Zilipoanza kuandikwa bila msemaji, chini ya "inakadiriwa", msingi uliachwa nyuma, na leo si rahisi kujua namba ipi ilitoka wapi. Walioagwa wakazikwa Igoma ni sehemu tu ya watu hao.

Kivuko cha MV Nyerere kilipopinduka karibu na kisiwa cha Ukara tarehe 20 Septemba, 2018, hesabu iliripotiwa kwa utaratibu tofauti. Idadi ilipanda siku hadi siku kadiri miili ilivyoopolewa, mpaka ikapita 220, katika chombo kilichoruhusiwa kubeba abiria 101. Kwa kuwa kila tarakimu ilitolewa na kiongozi anayejulikana kwa siku inayojulikana, anayepitia habari za wiki ile anaweza kufuata ngazi yote, hatua kwa hatua. "Alisema" lile lile linalowachosha wahariri ndilo lililoiacha njia hiyo wazi.

Limebaki neno dogo kuliko yote, "eti". Halimo katika orodha ya vitenzi, lakini hakuna kitenzi kinacholeta maneno ya mwenzako kwa ukali kama wake. "Eti hakuwa na nauli" ni nukuu na kejeli kwa pumzi moja: msemaji ameyaleta maneno, na papo hapo ameyatemea mate. Magazeti makini huliepuka katika habari na kuliachia katuni na safu za vichekesho. Vichwa vya habari, hata hivyo, vimejipatia maneno ya kufanya kazi inayokaribiana na hiyo: fulani ang'aka, fulani acharuka, fulani atoboa siri, fulani ajibu mapigo. Ukifungua habari yenyewe, mara nyingi unakuta mtu aliyesimama mbele ya kipaza sauti, akasoma taarifa ya kurasa mbili kwa sauti ya kawaida, akashukuru na kuketi.

Katika Nyegezi, pembezoni mwa Jiji la Mwanza, ambako chuo kilichoanzishwa mwaka 1960 kilikuja kuzaa Chuo Kikuu cha Mtakatifu Augustino, wanahabari wengi wa nchi hii wamepata mafunzo yao. Somo la kauli halisi na kauli taarifa hutangulia mapema zaidi, katika shule: "Nitakuja kesho" hugeuka kuwa alisema kwamba angekuja siku iliyofuata. Mwanafunzi hubadili nafsi, hubadili wakati, huondoa alama za mtajo, hupata alama zake za mtihani. Neno moja tu katika jibu lake halihitaji maelezo wala mabadiliko, naye huliandika bila kulitazama mara mbili, kati ya "alisema" na "angekuja".